Uchambuzi wa kisa: mkaa mbadala wa maranda nyumbani, mwaka mmoja wa mama mmoja wa Mufindi

Mazingira

Kisa hiki ni cha kweli ila majina nimebadilisha na kijiji sikitaji, na vitu viwili vitatu vya kuwatambulisha nimevitoa. Mama mwenyewe ntamwita Mama Neema. Anapika chakula pembeni ya barabara, wateja wake wengi ni vijana wa dingdong na madereva wa malori ya mbao. Mumewe anabeba magogo, watoto watatu, Neema ndo mkubwa. Mimi nafundisha vikundi vya kina mama kutengeneza mkaa mbadala, yaani mkaa wa kubana kutokana na taka, na hapa nilikuwa naenda kila baada ya wiki mbili tatu hivi, kwahiyo mengi niliyaona kwa macho na mengine nilisimuliwa na wenyewe.

Kwa asiyepajua Mufindi, ni wilaya ya mkoa wa Iringa, hapa ndo lilipo shamba la miti la Sao Hill, kubwa kuliko mashamba yote ya miti ya serikali nchini, na ukiacha hilo kila mtu ana eka zake za misindano. Dingdong ni zile mashine ndogo za msumeno wa duara zinazofuata magogo huko huko shambani. Msumeno wake ni mnene, unakula mti sana, yaani gogo likiingia chini ya nusu ndo inatoka mbao, iliyobaki ni mabanzi ya pembeni na maranda. Haya maranda yanarundikwa mpaka yanakuwa kilima, afu mtu anatia kiberiti, na lile lundo linaungua chini kwa chini hata wiki mbili tatu, moshi unaingia majumbani usiku na mchana. Inauma kuona, maana hatua mia mbili kutoka hapo kulikuwa na mama ananunua gunia la mkaa kwa shilingi 40,000 na linaisha siku tisa.

Huyo mama ndo Mama Neema.

Ilivyoanza

Alionyeshwa video kwenye simu, maranda yanaingia upande mmoja wa mashine na upande wa pili vinatoka vipande vigumu kama magongo. Akaenda kwa fundi wa kuchomelea, wakakubaliana fremu ya chuma yenye jeki ya lori chini na vikombe vinne vya bomba juu, ukipampu jeki inabana. Bei 450,000. Hela alikopa kwenye kikoba, marejesho miezi kumi. Haya yote nilikuwa bado sijaitwa. Niliitwa mashine ikiwa imeshasimama uani, imepakwa rangi ya kijani, Novemba, kifuku, yaani msimu wa mvua, ndo kinaanza.

Akaniambia, "Kamwene mwalimu, karibu. Sasa mi naona hii kazi ni kubana tu, si ndiyo?"

Nilitamani kumwambia ndiyo.

Kilichotokea, hatua kwa hatua

Jaribio la kwanza alichukua maranda mabichi moja kwa moja kutoka kwenye dingdong, akachanganya na uji wa unga wa muhogo, akabana. Vilitoka vizuri kabisa, vya mviringo, ukivishika unaona umefanikiwa. Kesho yake asubuhi vilikuwa vimevimba, vingine vimepasuka katikati kama andazi. Siku ya tano vikaota ukungu mweupe. Vile vichache vilivyokauka juu ya jiko vilipowashwa vilitoa moshi mzito wa utomvu wa msindano, sufuria ikawa nyeusi tii, na wateja wakahama upande wa pili wa barabara kukaa.

Hapa niseme kwa nini, maana watu wengi wanakwama palepale. Mashine za kiwandani zinazobana maranda bila kuweka gundi yoyote zinatumia nguvu kubwa mno, mpaka msuguano unayapasha moto maranda yenyewe. Mti una gundi yake ya asili, lignini, ikipata joto la zaidi ya nyuzi 100 inalainika, ikipoa inashika. Na maranda yanaingia mle yakiwa yameshakaushwa, unyevu umebaki kama asilimia 10. Sasa maranda ya gogo bichi karibu nusu ya uzito wake ni maji, na jeki ya mkono haipashi kitu joto, inasogeza tu chembe karibu karibu, ukiachia zinarudi zilipokuwa, kama godoro. Kwahiyo ile mashine ya kijani isingeweza kufanya kazi ya ile ya kwenye video hata fundi angeitengeneza vizuri kiasi gani.

Jaribio la pili ilikuwa kuchoma maranda kwanza yawe unga wa mkaa. Wakatoboa pipa la lita 200 chini, wakalijaza maranda, wakawasha. Halikuwaka. Maranda yakijazana hewa haipiti, moto unakufa, juu panakuwa jivu, katikati pako vilevile kama yalivyotoka kwenye msumeno. Wakajaribu makopo ya rangi, zile sado, wanajaza maranda, wanafunga kifuniko chenye kitundu, wanayapanga kwenye pipa na kuwasha mabanzi kuyazunguka. Hii ilikubali, gesi inatoka kwenye kitundu inawaka kama kibatari, ikizimika ujue yameiva. Ila piga hesabu. Sado kumi na mbili za maranda makavu, kuni za kutosha, nusu siku, mwisho wakapima wakapata kilo 2 za unga wa mkaa. Kilo 2! Mama Neema kwa siku anatumia zaidi ya 5.

Nakumbuka alikaa kwenye kigoda akachukua ule unga akausugua kati ya vidole viwili, mkono ukawa mweusi mpaka kwenye kucha, akaniangalia hakusema kitu. Baadae nilimfundisha kwamba hivyo hivyo ndo unavyopima kuiva, ukisugua ukaona weusi mtupu ni sawa, ukiona bado kuna kahawia ndani na harufu ya mbao basi huo utatoa moshi.

Maamuzi waliyofanya na sababu zake

Januari tulikaa chini, yeye, Baba Neema na mimi, na uamuzi wa kwanza ulikuwa kuacha kulazimisha maranda yawe mkaa. Tukagawa taka za mbao mafungu mawili. Mabanzi na vipande ndo vitachomwa kuwa mkaa, maana vina nafasi katikati hewa inapita, pipa linawaka lenyewe. Maranda yatatumika yalivyo kwenye jiko la maranda, lile la zamani ambalo wazee wanalijua: kopo kubwa lenye tundu pembeni chini, unasimamisha mti mnyoofu katikati na mwingine kwenye tundu, unashindilia maranda makavu kwa nguvu, unachomoa miti yote miwili taratibu, inabaki njia ya hewa yenye umbo la L, unawasha chini. Linaungua polepole kutoka ndani kwenda nje, saa kadhaa, maharage yanaiva bila kuongeza chochote. Moshi lina, hasa mwanzoni, kwahiyo likawekwa nje chini ya kibanda kisicho na kuta.

Uamuzi wa pili ulikuwa wa pipa. Vipande vikavu vya urefu wa kiganja, kama kilo 40 kwa pipa, moto unawashwa kwa chini. Moshi wa kwanza ni mweupe mzito, huo ni maji, baadae unakuwa wa njano unaowasha macho, mwisho unakuwa mwembamba wa bluu karibu hauonekani. Hapo hapo unafunika juu na kuziba matundu ya chini kwa udongo mbichi. Ukichelewa dakika ishirini umepata jivu, ukiwahi umepata kuni zilizoungua nje tu. Pipa moja likawa linawapa kilo 8 mpaka 9 za mkaa, sawa na ile robo au chini kidogo ya robo inayotegemewa kwenye pipa la kienyeji.

Mkaa wa msindano ni mwepesi na laini, unavunjika wenyewe, ndo maana kuutumia ulivyo haulipi, unaisha haraka. Ukiutwanga kwenye kinu, ukauchekecha, ukaukanda na gundi afu ukaubana, ndo unapata kipande kizito kinachokaa. Gundi ni uji wa muhogo, nusu kilo ya unga kwa kilo 9 za mkaa, uji upikwe mpaka uvutike kabisa, na mchanganyiko uwe wa kuufumbata mkononi ukashika bila kuchuruzika maji. Waliwahi kuongeza udongo wa mfinyanzi ili uungue polepole. Waliuweka mwingi, jivu likajaa jiko mara mbili kwa siku na moto ukawa hauna nguvu, basi wakaupunguza mpaka konzi moja kwa ndoo, mwisho wakaacha kabisa.

Kuna jamaa alikuja na ofa ya vipande vya nguzo za umeme, bure, toroli zima. Baba Neema alitaka. Nilikataa na ningekataa tena, kwa sababu nguzo zinawekwa dawa, nyingi dawa yenye shaba, kromiamu na aseniki, na aseniki haiishi kwa kuchoma, inaingia kwenye moshi na kwenye jivu, na jivu ndo hilo kina mama wanasugulia sufuria. Vivyo hivyo mbao zenye rangi na zile bodi za kubandikwa kwa gundi. Mti wowote usiojua umepitia wapi usiingize jikoni.

Mambo mawili yaliyotutisha

La kwanza lilikuwa Februari. Walitoa mkaa kwenye pipa jioni, ukionekana umepoa, wakautia kwenye kiroba na kukiweka stoo pembeni ya magunia ya mahindi. Saa tisa usiku Neema aliamka akasikia harufu. Kiroba kilikuwa kimetoboka tundu la ukubwa wa sahani na ndani kuna wekundu, gunia moja la mahindi limeshaanza kuungua ubavuni. Walimwaga maji, majirani wakaja, hakuna aliyeumia. Kaa moja tu ndani ya unga inatosha kabisa, inajificha na inaendelea kula taratibu. Tangu hapo mkaa unamwagwa kwenye bati, unatandazwa, unanyunyiziwa maji, unalala nje usiku mzima na unapapaswa kwa mkono asubuhi ndo uingie ndani.

La pili lilikuwa Juni, na nyie mnajua baridi ya huku Juni. Jiko la mkaa mbadala halina moshi, kwahiyo waliliingiza chumbani wakafunga mlango na dirisha. Asubuhi mtoto wa mwisho alikuwa anatapika na kichwa kinamuuma, mama mwenyewe miguu haina nguvu. Walitoka nje wakapata nafuu, na nashukuru Mungu mpaka leo. Ile ni gesi ya kaboni monoksaidi, haina harufu wala rangi, mkaa wa aina yoyote unaitoa, wa mti au wa kutengeneza. Tena hapa kosa ni langu pia. Nilikuwa nimesifia miezi mingi kwamba hautoi moshi, na mtu akisikia hautoi moshi anaelewa hauna madhara. Sasa hivi popote ninapofundisha hili linakuja kabla ya gundi na kabla ya pipa.

Kukausha

Niliandike peke yake maana ndo lililokula muda mwingi kuliko yote na hakuna anayekwambia mwanzoni. Kifuku chote, Novemba mpaka Aprili, ukungu wa asubuhi unakaa mpaka saa nne na mvua inakuja mchana. Vipande vyenye uji wa muhogo vikikaa siku tatu bila jua vinaota ukungu na kunuka uchachu. Waliweka chini kwenye turubai, upande wa chini haukaukii. Waliweka juu ya bati, vikapasuka kwa joto la ghafla. Kilichofaa ni chanja ya fito iliyoinuliwa usawa wa kiuno, upepo unapita chini, na juu imefunikwa nailoni ya kitalu kama paa, pembeni wazi. Kiangazi vinakauka siku nne, kifuku hata kumi na mbili.

Na wanajuaje vimekauka? Neema, wa kidato cha pili, ndo alileta jibu. Anachukua vipande vitatu vilevile kila siku, anapima kwenye mzani wa dukani jirani, anaandika kwenye daftari. Uzito ukirudi uleule siku mbili mfululizo, maji yameisha. Kabla ya hapo walikuwa wanagonganisha viwili na kusikiliza, vikavu vinatoa mlio mkali kama vigae na vibichi vinadunda tu, ila mama mwenyewe alikubali kwamba mzani umelipiku sikio.

Matokeo

Tulipima kwa sufuria moja, lita 2 za maji, nusu kilo ya kila mkaa. Mkaa wa miti ulichemsha dakika 18, wa kwao dakika 25. Ila baada ya saa moja na nusu wa miti ulikuwa jivu na wa kwao bado una kaa nyekundu. Kwahiyo chai ya asubuhi ambayo wateja wanaitaka haraka anapikia mkaa wa kununua, wali, ndizi na mboga anapikia wa kwake, maharage yako kwenye jiko la maranda.

Kiangazi walifikia mapipa manne mpaka matano kwa wiki. Gunia lililokuwa linaisha siku tisa likawa linafika mwezi. Ukitoa unga wa muhogo na hela ya toroli la mabanzi, alikuwa anaokoa kama 70,000 kwa mwezi. Kifuku ilishuka, gunia linakwenda siku kumi na tano. Mkopo ulilipwa wote lakini sio kwa mkaa, miezi minne ya mwanzo alilipa kwa kuuza kuku, na hili nataka lisomwe vizuri na yeyote anayefikiria kukopa.

Kuuza alijaribu kidogo. Mfugaji mmoja wa vifaranga ndo mteja wa kudumu, anataka joto la taratibu la usiku na banda lake lina hewa ya kutosha. Mama lishe wenzake walinunua mara moja wakarudi kwenye mkaa kwa sababu ya kuchelewa kushika moto. Hakuwalazimisha.

Uchambuzi

Kilichofanya kazi zaidi ni kugawa taka kabla ya kugusa kitu. Kilo ya kuni kavu ina nishati ya megajuli kama 18 na kilo ya mkaa inakaribia 30, watu wanasikia hiyo wanaona kuchoma ni faida, wanasahau kwamba kwenye pipa kilo nne au tano za mti zinakuwa kilo moja ya mkaa, nguvu nyingi imeondoka na moshi. Kwa mabanzi unakubali hiyo hasara kwa sababu unapata moto safi wa kupikia karibu na watu. Kwa maranda haina maana, hayachomeki vizuri na kilichobaki ni kidogo, wakati kwenye jiko lake yanawaka yalivyo. Miezi miwili tuliipoteza kwa kutaka taka zote zipite njia moja.

Kilichoshindwa ni mashine kuja kwanza. Hatua ya kubana ndo nyepesi kuliko zote na ndo ilikula hela yote. Ugumu uko kwenye kuchoma kabla na kukausha baada, na hizo mbili zilihitaji pipa chakavu, fito, nailoni na mtu wa kukaa macho kwa muda wa saa tano karibu na moto. Sasa hivi wanabana kwa kipande cha bomba la inchi mbili na mti wa kusukumia, watu wawili wanamaliza ndoo chini ya saa moja, jeki inatoka mara chache. Angeanza na bomba miezi mitatu angejua mwenyewe kama anahitaji jeki.

Kingine, nguvu kazi haikuhesabiwa. Kutwanga kulikuwa kunamwangukia Neema akitoka shule, vumbi jeusi puani na kifuani. Nililiona nikachelewa kulisema. Baadae walianza kuunyunyizia maji kabla ya kutwanga na kufunga kitambaa puani, na Baba Neema akachukua kutwanga Jumapili. Kama hesabu ya faida inategemea mtoto atwange kila jioni, hiyo 70,000 sio ya kweli.

Serikali ina mkakati wake wa nishati safi ya kupikia wa 2024 mpaka 2034, lengo asilimia 80 ya Watanzania wawe wanatumia nishati safi, na ni kweli Mama Neema ana mtungi mdogo wa gesi nyumbani, anachemshia uji wa mtoto. Kwa chakula cha watu sitini kwa siku gesi bado hawezi. Kwahiyo kwa sasa kazi ya mabanzi kwake ni kupunguza magunia ya mkaa wa miti, na kwa hilo imetosha.

Mara ya mwisho nimepita ilikuwa Oktoba. Wameongeza chanja ya pili kabla kifuku hakijaingia, kipande kimoja cha nailoni kimeombwa kwa jirani mwenye kitalu. Mashine ya kijani imeazimwa na kikundi cha kijiji cha pili, walikuja kuichukua kwa toroli, na Mama Neema kabla ya kuwaachia aliwauliza kwanza pipa lao la kuchomea liko wapi.